Ian Holm na jukwaa alilolikimbia: uchambuzi wa kisa

Wengi wetu tunamjua Ian Holm bila kujua kwamba tunamjua. Ndiye mzee Bilbo wa filamu za The Lord of the Rings, anayetoweka mbele ya wageni kwenye sherehe yake ya kuzaliwa. Ndiye padri Cornelius wa The Fifth Element. Ndiye sauti ya mpishi mfupi mwenye kisirani katika katuni ya Ratatouille. Na ndiye afisa wa sayansi wa chombo cha angani katika Alien, yule ambaye kichwa chake kinang'olewa na kinachomwagika si damu. Ukimwekea mtu kazi hizo nne pamoja anaweza kubisha kwamba mwigizaji si mmoja, na kubisha huko kungekuwa sifa kubwa kwa Holm. Alifariki London, Juni 2020, akiwa na miaka 88.

Kisa ninachokichambua ni cha 1976, kabla ya kazi zote hizo. Holm alikuwa na miaka 44. Royal Shakespeare Company, kampuni ya maigizo iliyomlea, ilimpa nafasi ya Hickey katika The Iceman Cometh, tamthilia ya Mmarekani Eugene O'Neill, kwenye ukumbi wa Aldwych jijini London. Walikuwa bado katika maonyesho ya awali, yale ya kupimia upepo kabla wahakiki hawajaalikwa. Katikati ya mchezo maneno yakamkatikia. Akatoka jukwaani. Waliomfuata walimkuta kwenye chumba cha kubadilishia mavazi, amejikunja sakafuni. Miaka mingi baadaye alieleza kwamba ilikuwa kama milango ya jela inafungwa kwa kishindo, mmoja baada ya mwingine, ndani ya kichwa chake. Nafasi ikapewa mtu mwingine, na ukiacha mchezo mmoja wa 1979, hakukanyaga tena jukwaa la tamthilia hadi 1993.

Simulizi iliyozoeleka husema hivi: hofu ilimfukuza jukwaani, sinema ikampokea, mwisho akarudi kishujaa akacheza King Lear, mfalme mzee wa Shakespeare. Ni simulizi tamu, na kila tarehe iliyomo ni sahihi. Ila inaruka maswali mawili ambayo mimi ndiyo yananikera. Kwanza, kwa nini mtu aliyeshindwa kusimama mbele ya watu aliweza kusimama mbele ya kamera siku hadi siku, bila dalili ya kutetereka? Pili, alirudije hasa? Neno "ushujaa" halijibu hata moja.

Alichokuwa nacho kabla ya kuanguka

Alizaliwa Septemba 1931 huko Goodmayes, mashariki ya London, kwa wazazi wenye asili ya Uskoti. Baba yake alikuwa daktari wa magonjwa ya akili na msimamizi wa hospitali ya wagonjwa hao pale pale. Mama alikuwa nesi. Akasoma uigizaji katika chuo cha RADA, masomo yakakatizwa na utumishi wa lazima jeshini, akamaliza, na mwaka 1954 akaingia jukwaa la Stratford, mji wa Shakespeare, kwa mlango wa chini kabisa: kusimama nyuma na mkuki huku wengine wakisema.

Kilichofuata hakikuwa cha haraka, na nadhani hapo ndipo wengi hukosea wanapomsoma. Miaka mitano baadaye alikuwa Mchekeshaji wa mfalme, akicheza pembeni ya Charles Laughton aliyekuwa Lear. Mwongozaji Peter Hall alipoianzisha rasmi Royal Shakespeare Company mwanzoni mwa miaka ya 1960, Holm alikuwa miongoni mwa waigizaji wa mwanzo kufungwa kwa mkataba wa muda mrefu. Mwaka 1963 Hall na John Barton walizikatakata tamthilia za kifalme za Shakespeare na kuziunga upya kuwa msururu mmoja, The Wars of the Roses, na wakampa Holm nafasi ya Richard wa Tatu. Kisha akawa Henry wa Tano. Hapa ikumbukwe alikuwa mfupi, futi 5 na inchi 5 hivi, hana sauti ya kutikisa dari wala kifua cha kuvishwa deraya. Ufalme wake haukuwa wa mwili. Alikuwa mtu anayefikiri upesi kuliko wenzake, na mtazamaji alilazimika kuinama mbele ili amfuate.

Mwaka 1965, kwenye ukumbi ule ule wa Aldwych, akacheza Lenny katika The Homecoming ya Harold Pinter. Lenny anaishi kwa biashara ya wanawake, ni mtanashati, maneno yake yamenyooka kama pasi, na anatisha. Kuna tukio moja ambalo mpaka leo hutumiwa kufundishia uigizaji. Usiku wa manane Lenny anakutana na Ruth, mke wa kaka yake, ambaye ndiyo kwanza anamwona. Anamsimulia, kwa upole kama mtu anayezungumzia hali ya hewa, jinsi alivyompiga mwanamke mmoja. Kisha anataka kumwondolea glasi ya maji aliyoshika. Ruth anakataa, na anakataa kwa namna ambayo kitisho kinahamia upande wa pili. Ni glasi tu, lakini nyumba nzima imebadilika mwenyewe. Filamu ya mchezo huo ya 1973 ipo, na Holm yumo. Uso wake hauna kazi nyingi. Kazi iko kwenye macho na kwenye kuchelewa kidogo kabla ya kila sentensi. Mchezo ulipovuka kwenda Broadway alipata tuzo ya Tony ya 1967.

Kwa hiyo mwaka 1976 aliyeanguka hakuwa mchanga wala mzembe. Alianguka ndani ya jengo lililompa ushindi wake mkubwa, chini ya kampuni iliyomjua nje ndani. Wanaosema hofu ya jukwaani ni ugonjwa wa wanaoanza wamtazame huyu. Wamtazame pia Laurence Olivier, aliyepigwa na hofu hiyo katika miaka ya 1960 akiwa yeye ndiye mkuu wa National Theatre. Alipocheza Othello alimwomba Frank Finlay, aliyekuwa Iago, asiende mbali, asimame mahali atakapoweza kumwona.

Hickey, nafasi yenye mtego

Nimeisoma The Iceman Cometh nikitafuta kitu kimoja tu: ilimfanyaje mwigizaji wake. Jibu liko kwenye mpangilio. Walevi wamejaa katika baa ya Harry Hope, New York, mwaka 1912, kila mmoja na ndoto yake aliyoitunza kama chupa ya akiba. Wanamsubiri Hickey, mchuuzi anayekuja kila mwaka kuwanunulia vinywaji na kuwachekesha. Wanamzungumzia. Wanalala, wanaamka, wanauliza kama amefika. Hickey anaingia sehemu ya kwanza ikiwa inaelekea ukingoni, na kwa muda wote huo mwigizaji wake yuko nyuma ya pazia akisikiliza watu wakimpigia debe.

Akishaingia, shughuli ndiyo inaanza. Nafasi yenyewe ni ya kuongea, kuongea na kuongea, na kilele chake ni maungamo marefu mno katika sehemu ya mwisho, mtu peke yake, wenzake wote jukwaani wakimsikiliza, akieleza jinsi alivyompenda mkewe na jinsi alivyomuua. Hakuna wa kumdakia. Maneno yanazunguka na kujirudia, na ukipotea kidogo huna alama ya kukurudisha njiani, maana kila sentensi inafanana na dada yake.

Sasa weka kipaji cha Holm pembeni ya hilo. Uwezo wake ulikuwa wa kuficha. Lenny anatisha kwa sababu hujui kilichomo ndani. Richard wake alikuwa hatari kwa sababu alikuwa akipiga hesabu huku anatabasamu. Hickey ni kinyume: anayatoa yote nje, kwa jasho, mbele ya ukumbi wa watu kama elfu moja, kwa saa nne au zaidi. Sisemi kwamba nafasi ndiyo iliyomvunja. Mtu huvunjika kwa mambo mengi, na mengine hayatuhusu. Ninachosema ni kwamba kama ungetaka kutunga nafasi ya kumtesa mwigizaji wa aina yake, usingekwenda mbali na hii.

Kamera ilimpa nini

Waswahili wanasema kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Ni kweli, ila mhunzi huyu hakupewa tu koleo jingine. Alihamia karakana yenye taratibu tofauti kabisa, na taratibu hizo ndizo zinazotoa jibu la swali la kwanza.

Kwenye filamu hakuna saa moja na nusu ya jioni. Hakuna pazia linalofunguka na kukudai sentensi 1,500 kwa mpangilio. Unasema mistari sita, mwongozaji anasema tena, unasema tena. Ukikwama, kinachopotea ni utepe na dakika kumi. Hofu ya jukwaani, kwa maelezo ya wengi walioipata, ni hofu ya kuduwaa mahali ambapo huwezi kusimamisha kitu. Kwenye seti kila kitu husimamishwa mara hamsini kwa siku, tena kwa sababu zisizokuhusu: taa, ndege inayopita juu, nywele za mwenzako.

Jambo la pili ndilo nalipa uzito zaidi. Holm hakuwa steringi. Tangu enzi za mabanda ya video tunajua kanuni: steringi hafi, na picha nzima inambeba au inazama naye. Holm aliingia kwa mlango wa wahusika wa pembeni, wale wanaotokea kwenye matukio manane, wanaipindua hadithi, kisha wanaondoka. Bango halina uso wao. Anayerudi kutoka kwenye anguko hahitaji bango. Anahitaji kazi ndogo, nyingi, zinazofuatana, ambazo hakuna hata moja itakayomuua ikiharibika.

Na zikafuatana kweli. Mwaka 1978 pekee alikuwa Himmler katika tamthilia ya televisheni ya Marekani iitwayo Holocaust, Thénardier katika Les Misérables, na J. M. Barrie, mtunzi wa Peter Pan, katika The Lost Boys ya BBC. Muuaji wa mamilioni, tapeli mwenye nyumba ya wageni, na mwandishi mpole aliyejeruhiwa na upweke, ndani ya mwaka mmoja. Hiyo ya Barrie, kwa maoni yangu, ndiyo kazi yake bora kuliko zote za televisheni, na ni aibu kwamba wanaoijua ni wachache.

Mwaka huo huo wa 1978 akaingia studio za Shepperton kwa ajili ya Alien ya Ridley Scott. Ash, afisa wa sayansi, ni roboti mwenye umbo la mtu, lakini wenzake hawajui, na mtazamaji hajui hadi filamu imekwenda mbali. Ukiitazama mara ya pili unaona jinsi Holm alivyokwisha kukuambia mapema. Ripley, mmoja wa wenzake chomboni, anakataa kufungua mlango kwa aliyebeba kiumbe usoni; Ash anaufungua, bila ubishi, kama mtu anayewasha taa. Kabla hajaketi kwenye kituo chake anakimbia kidogo papo hapo, hatua chache, kama mtu aliyesoma mahali kwamba binadamu hupasha viungo. Baadaye tone moja jeupe linateremka pembeni ya uso wake, na hapo ndipo kila kitu kinalipuka. Kichwa kilichong'olewa kilitengenezwa kwa vitu vya dukani: maziwa, tambi, gololi za kioo. Kikiwa mezani kinawaambia waliobaki kwamba hakiwezi kuwadanganya kuhusu nafasi yao ya kupona, lakini kinawahurumia. Holm anaitamka ile huruma kwa tabasamu dogo sana. Ukiniuliza, hapo pana Lenny mtupu, na glasi yake ya maji.

Halafu ikaja 1981 na Chariots of Fire. Holm ni Sam Mussabini, kocha wa mwanariadha Harold Abrahams katika Olimpiki ya Paris ya 1924. Mussabini analipwa kwa kazi yake, na wakuu wa riadha wa siku hizo waliona ukocha wa kulipwa ni uchafu. Kwa hiyo haruhusiwi uwanjani. Mbio za mita 100 zinakimbiwa yeye akiwa chumbani hotelini. Hazioni. Anachoweza kuona kupitia dirishani ni mlingoti, na bendera ya Uingereza inapanda. Wimbo wa taifa unasikika kwa mbali. Anavua kofia yake ya majani, anasimama wima, kisha anaipiga ngumi hadi inatoboka, na anakaa kitandani. Hakuna mwingine chumbani. Tukio lote lina maneno mawili matatu.

Sitaki kulazimisha ulinganifu wa mtu aliyezuiwa uwanjani na mwigizaji aliyejizuia jukwaani. Wakosoaji wamekwisha kuuchosha. Nataka mtazame ufundi. Shangwe ya sinema ya michezo kwa kawaida hupewa umati. Hapa imepewa mtu mmoja, kofia moja, na kamera iliyotulia, na inafanya kazi kwa sababu yule mtu amekuwa akijizuia filamu nzima. Cannes ilimpa tuzo, BAFTA ikampa tuzo, na Oscar ikamteua. Oscar yenyewe ilikwenda kwa John Gielgud, kwa filamu nyingine, ingawa Gielgud naye alikuwemo katika Chariots of Fire. Mambo ya Hollywood hayo.

Mwaka huo huo alikuwa Frodo katika mchezo wa redio wa BBC wa The Lord of the Rings, vipindi 26, na ndiyo sababu Peter Jackson alimtaka kwa Bilbo miaka ishirini baadaye. Redio ni nyumba nyingine salama kwa mwenye hofu: karatasi iko mkononi.

Gharama

Hapa ndipo ninapoachana na wanaosema kuanguka kwake kulikuwa baraka iliyojificha. Ni rahisi kusema hivyo ukiwa na rafu ya filamu mbele yako. Lakini kati ya miaka 44 na 61 ndipo mwigizaji wa Shakespeare hukomaa. Ndiyo miaka ya Macbeth, ya Iago, ya Prospero, ya Shylock. Holm hakucheza hata mmoja kati ya hao jukwaani katika kipindi hicho. Filamu ya Henry V ya Branagh, 1989, ilimpa Fluellen, ile ya Hamlet ya Zeffirelli, 1990, ikampa Polonius. Nafasi nzuri, zote za pembeni, dakika chache chache. Aliyewahi kuwa Henry wa Tano akawa afisa wa Henry wa Tano. Kazi nyingine zilipotea hivi hivi: mwaka 1988 alibeba peke yake tamthilia ndefu ya kijasusi ya televisheni, Game, Set and Match, akiwa karibu kila tukio, lakini watazamaji wakawa haba na Len Deighton, aliyeandika vitabu vyenyewe, hakuipenda. 

Kwa hiyo mizani haiko sawa, na sioni haja ya kuisawazisha. Tulipata Ash na Mussabini. Tulikosa miaka kumi na saba.

Alirudi kwa hatua gani

Swali la pili. Kwanza ule mchezo mmoja wa 1979, Uncle Vanya ya Chekhov, Holm akiwa daktari Astrov na Nigel Hawthorne akiwa Vanya. Ulichezwa wapi? Hampstead Theatre, ambayo siku hizo ilikuwa jengo la muda lisilobeba hata watu 200. Ni jaribio la mtu anayechovya mguu majini. Kisha kimya, miaka kumi na minne.

Mwaka 1993 Pinter alimaliza Moonlight, tamthilia yake ndefu ya kwanza baada ya miaka mingi, na Holm akakubali kuwa Andy. Tazama masharti, moja baada ya jingine. Mwandishi ni yule aliyemjua tangu 1965. Ukumbi ni Almeida, viti kama 325, mtazamaji wa mwisho yuko karibu kuliko wa katikati pale Aldwych. Mchezo ni mfupi, hauna hata mapumziko. Na Andy ni mtu anayekufa: yuko kitandani! Holm alirudi jukwaani akiwa amelala, na mkewe wa kwenye mchezo, Anna Massey, ameketi pembeni yake akifuma. Hahitaji kuingia na kusubiriwa. Taa zinawaka yeye tayari yupo. Hata ukimya una nafasi yake, maana kwa Pinter ukimya umeandikwa kwenye matini kama maneno mengine. Ukumbi uliokuja kumsikiliza Pinter hautishwi na mtu anayenyamaza.

Sijui kama Holm au mwongozaji David Leveaux walikaa chini wakayapanga hayo yote kwa makusudi. Ila masharti yalikuwa hayo, na yalimfaa mtu huyu kuliko nasaha yoyote ya kujikaza kiume. Alishinda tuzo ya Evening Standard. Kwetu tuna msemo kwamba kwa mwoga huenda kicheko na kwa shujaa huenda kilio. Holm alirudi kwa akili ya mwoga, kwa maana nzuri kabisa ya neno.

Mwaka uliofuata akawa daktari Willis katika filamu ya The Madness of King George, anayemtibu mfalme mgonjwa wa akili kwa kumfunga kwenye kiti. Mfalme ni Hawthorne, Vanya wake wa 1979. Mtoto wa msimamizi wa hospitali ya Goodmayes hakuhitaji kufanya utafiti mwingi wa jinsi daktari anavyomkodolea mgonjwa macho. Katika filamu hiyo mfalme, akianza kupata nafuu, anaisoma King Lear kwa sauti.

Na Lear ikaja, Machi 1997, National Theatre, katika Cottesloe, ukumbi mdogo kuliko mingine ndani ya jengo lile, watazamaji wakiwa wameketi karibu kiasi cha kugusana na waigizaji. Mwongozaji alikuwa Richard Eyre. Jina hilo halitajwi vya kutosha katika kisa hiki. Mwaka 1989 Eyre ndiye aliyeongoza Hamlet ya Daniel Day-Lewis katika National Theatre hiyo hiyo, ile ambayo Day-Lewis alitoka jukwaani katikati ya onyesho na hajarudi kwenye tamthilia hadi leo. Aliyechukua nafasi ile baadaye alikuwa Ian Charleson, mkimbiaji Liddell wa Chariots of Fire. Kwa hiyo Eyre alijua kwa macho yake mlango unavyofungwa, na bado akampa Lear mtu mwenye rekodi ya kukimbia, katika mwaka wake wa mwisho wa kuiongoza taasisi. Alimpa Lear, lakini katika chumba kidogo. Kama angempa ukumbi wa Olivier wenye viti zaidi ya 1,100, tungekuwa tunaandika kisa kingine.

Holm, mwenye miaka 65, katika tukio la dhoruba alivua nguo zote. Mfupi, mwembamba, mweupe kama karatasi, chini ya mvua. Mtu ambaye kipaji chake kilikuwa kuficha akasimama bila chochote cha kufichia. Alipata tuzo ya Olivier, na mwaka 1998 akawa Sir Ian.

Watu huishia hapo. Mimi naona 1997 ina jambo jingine lenye uzito sawa, nalo halikutokea jukwaani. Mkanada Atom Egoyan alimpa nafasi ya kwanza ya filamu ambapo Holm ndiye mhimili: wakili Mitchell Stephens katika The Sweet Hereafter, anayekuja kwenye kijiji cha theluji kilichopoteza watoto katika ajali ya basi. Ndani ya ndege wakili anamsimulia abiria wa jirani habari za binti yake alipokuwa mchanga. Aliumwa na buibui wenye sumu, mwili ukavimba, na daktari kwenye simu akamwambia baba awe tayari kumpasua koo ili apumue iwapo njia ya hewa itaziba kabla hawajafika hospitali. Mama anaendesha. Baba amempakata mtoto, anamwimbia ili atulie, na mkono mwingine umeshika kisu. Ni maungamo marefu ya mtu aliyekuwa tayari kumkata yule aliyempenda. Holm anayasema taratibu, sauti ya chini, karibu bila kupumua. O'Neill angeyatambua. Mwaka 1976 hotuba ya aina hiyo ilimshinda. Hapa, uso wake ukiwa umejaza skrini, inakwenda hadi mwisho.

Mwaka 2001, akielekea miaka 70, alirudi kwenye The Homecoming yenyewe, kwanza Gate Theatre ya Dublin, kisha New York na London. Sasa hakuwa Lenny. Alikuwa Max, baba mtu, mkali, mpweke, mwenye fimbo. Mchezo huo unaanza kwa Max kuingia sebuleni akitafuta mkasi na kuuliza umewekwa wapi, huku Lenny, anayesoma gazeti, akikataa kumjibu. Mwaka 1965 Holm ndiye aliyekuwa amekaa na gazeti. Safari hii sentensi ya kwanza ya usiku ilikuwa yake.